Filamu za imani na ustahimilivu: kuna riziki hapo ama ni njaa tu?

Kijana_wa_Nyalenda ameuliza:

Hamjambo nyote. Nina miaka 24, naishi Nyalenda hapa Kisumu, na kazi yangu ni kamera. Nimeajiriwa na studio moja mjini. Tunapiga harusi, mahafali, na zaidi ya yote matanga. Jumamosi isiyo na harusi nimeiona, Jumamosi isiyo na matanga sijaiona. Familia yenye jamaa huko Qatar au Marekani hulipa vizuri ili walio mbali waone mazishi kwa simu, moja kwa moja.

Shida yangu ilianza Agosti. Nyanya yangu ni wa kanisa la Roho, kule Ugenya. Nilimsindikiza kwenye maandamano yao: ngoma, bendera, kanzu nyeupe zenye msalaba mwekundu. Ana miaka 71 na goti la kulia halikunjiki tangu alipoanguka akitoka kuteka maji, lakini alitembea kutoka alfajiri hadi saa saba mchana bila kuketi hata mara moja. Nilipiga kama dakika arobaini kwa kamera ya studio (bosi hajui, naomba abaki hivyo hivyo). Usiku nikazitazama peke yangu, nikaona hii ndiyo kazi ninayoitaka. Hadithi za watu wanaoshikilia imani yao wakati kila kitu kingine kimewaponyoka.

Mjomba wangu, ambaye hunisaidia nusu ya kodi ya nyumba, amesema nikiacha matanga nifuate mambo ya kanzu na ngoma nisimpigie simu mwisho wa mwezi.

Kwa hiyo nauliza walio ndani ya kazi hii. Kuna mtu anayeishi kwa filamu za namna hii? Lazima uwe muumini wa kanisa unalolipiga? Wale unaowapiga unawalipa ama huwalipi? Na la mwisho ni la kifundi: kanzu zote zimetoka nyeupe kama taa ya stima na nyuso nyeusi tii hazionekani. Ngoma nazo zinakwaruza tu. Nimekosea wapi?

Vyombo_Kwa_Siku, Nakuru:

Mdogo wangu, mjomba wako hajakosea sana.

Mimi nilitengeneza filamu mbili za namna hiyo. Ya kwanza ilionyeshwa mara mbili, ya pili mara moja, na hiyo mara moja stima ilipotea katikati. Siku hizi nakodisha kamera, lenzi na taa hapa Nakuru, na nalala vizuri. Nikupe siri ya biashara? Anayekodi kupiga mahubiri hulipa asubuhi kabla hajabeba mzigo. Anayekodi kupiga filamu huniambia Jumatatu atamalizia. Hiyo Jumatatu nimeisubiri tangu mwaka juzi.

Imani yenyewe ina pesa, usidanganyike. Yako makanisa mjini hapa yenye kamera kuliko vituo vya televisheni. Tafuta kazi katika kitengo chao cha picha, upate mshahara, na filamu yako ya nyanya ufanye siku zako za mapumziko. Tena urudishe kadi ya studio kabla bosi hajauliza.

Mama_wa_Shuka:

Mwanangu, nimekuzidi miaka ishirini na ushei kwa hiyo uniruhusu nikuite hivyo. Nimesoma swali lako mara mbili, na kilichonishika ni goti la nyanya yako. Kanzu na ngoma kila mpita njia anaziona.

Vyombo_Kwa_Siku namfahamu, na moja ya Jumatatu anazosubiri ni yangu. Ndugu, nakuja.

Nilizaliwa Bondeni, Nakuru. Mwaka 2006 kanisa letu lilinunua kamera ya zile kanda ndogo, na kwa sababu nilikuwa nimesoma kompyuta miezi mitatu nikapewa mimi. Mwaka mzima nilimpiga mhubiri kutoka kifuani kwenda juu. Kisha ikaja Januari 2008, na ghasia za baada ya uchaguzi. Uwanja wa maonyesho wa Nakuru ukajaa mahema ya watu waliofukuzwa makwao, na kanisa likanituma nikawapige wakipokea unga.

Kulikuwa na mama mmoja aliyetoka upande wa Molo. Kila jioni aliwakusanya watoto wa mahema ya jirani akawaimbisha nyimbo za tenzi. Alikuwa anaketi juu ya kitu pekee alichookoa: mlango. Mlango wa mbao, kitasa kikiwa bado mahali pake. Nilimpiga akiimba, nikampiga akilia. Habari ya mlango sikuuliza. Filamu ikatoka dakika kumi na nne, kanisani watu wakalia, sadaka ikajaa, nikaitwa mbele nikapigiwa makofi. Yeye mwenyewe hakuiona. Nilipomtafuta mwaka uliofuata mahema yalikuwa yameondolewa na nambari yake ilipokelewa na mwanamume wa Naivasha asiyemjua. Mpaka leo sijui ule mlango aliufunga kwenye nyumba gani. Nilibeba machozi yake nikauacha mlango.

Kazi yangu yote baada ya hapo imekuwa kujaribu kutolirudia kosa hilo, na mara mbili nimelirudia.

Filamu ninayoihesabu kuwa ya kwanza niliipiga Subukia. Unajua mahali hapo pa hija, Wakatoliki kutoka nchi nzima hukutana pale kila Oktoba, na kuna chemchemi watu huteka maji wakaenda nayo nyumbani. Nilimfuata fundi baiskeli mmoja wa Nakuru aliyekwenda kwa miguu na chupa ya lita tano, kwa ajili ya mtoto wake mgonjwa. Nilimfuata Oktoba tatu. Ya kwanza alitaka mtoto apone. Kabla ya ile ya pili mtoto alifariki. Akaenda tena, na chupa ileile. Nilikuwa nimekwishapanga kichwani kwamba filamu imeisha, kumbe ndiyo ilikuwa inaanza. Mwaka wa tatu nilimuuliza maji ni ya nani sasa. Akasema, “Ya mama yake. Hunywa kidogo akishindwa kulala.” Filamu ni dakika ishirini na sita na haina muujiza. Kiongozi mmoja wa parokia aliniomba niondoe mwaka wa pili ili isivunje watu moyo. Nilikataa, na parokiani hapo haikuonyeshwa. Sikumchukia, alikuwa na kundi lake la kuchunga.

Kuhusu kuwa muumini: mimi ni Mkatoliki wa kusitasita, na nimekaa siku nne mfululizo Kit Mikayi na watu wa Legio Maria, kanisa la Kiafrika lililojitenga na Katoliki, wakifunga na kuomba kwenye yale mapango ya mawe, bila mtu kuniuliza naamini nini. Waliniuliza kama nimekula. Kinachotakiwa ni uamini kwamba wao wanaamini. Ukienda na kicheko moyoni lenzi itakisema. Ukienda na unyenyekevu wa kujifanya pia itasema, tena kwa sauti zaidi.

Tena angalia imani inakaa wapi, maana mara nyingi haiko kwenye maombi. Kimani Maruge, yule mzee wa Eldoret aliyeingia darasa la kwanza mwaka 2004 akiwa na miaka 84, kila mtu anakumbuka soksi na kaptula. Filamu ya Waingereza ikatoka 2010, dunia ikamjua. Lakini sababu mojawapo aliyoitoa mwenyewe ni kwamba alitaka kujisomea Biblia, kwa sababu alishuku wahubiri hawasemi kilichoandikwa. Fikiria hilo. Mtu amshuku mhubiri kiasi cha kwenda kukaa dawati moja na vitukuu ili amkague! Kwangu mimi filamu nzima ya imani iko hapo, na haina hata wimbo mmoja.

Au basi la Mandera, Desemba 2015. Al-Shabaab wanalisimamisha, abiria Waislamu wanakataa kutengwa na Wakristo, wanawake wanawapa wenzao hijabu wajifunike. Mwalimu Salah Farah alipigwa risasi, akafariki Januari iliyofuata. Wanafunzi wa filamu kutoka Hamburg ndio waliokuja kuigeuza filamu fupi, Watu Wote, ikafika mpaka kwenye uteuzi wa Oscar mwaka 2018. Nilipoitazama mara ya kwanza nilikuwa na wivu, nakiri, kwa nini si sisi. Mara ya pili nikaacha wivu nikaangalia kazi. Kilichonikaa ni kitambaa kinachopita mkono kwa mkono ndani ya basi.

Sasa pesa. Naishi kwa filamu hizi? Hapana, na pia ndiyo. Naishi kwa matanga kama wewe, shilingi 12,000 kwa siku nikienda na msaidizi, na kwa kufundisha vijana kuhariri. Filamu huingia katikati. Mwaka 2018, bwawa lilipobomoka Solai usiku wa tarehe 9 Mei na kuua watu zaidi ya arobaini, shirika moja liliniajiri kwa dakika tatu za video. Walitaka neno “ustahimilivu” lisikike, na walitaka watu wawe wamesimama tena kabla matope hayajakauka. Niliwapa. Kwenye dakika zao tatu kuna mama anatabasamu akiwa na sufuria mkononi. Sufuria hiyo alikuwa ametoka kuifukua, na tabasamu lilikuwa la kunipisha mimi na kamera yangu njiani. Hiyo ndiyo mara yangu ya pili kulirudia kosa la mlango. Walinilipa shilingi 90,000, na pesa hizo zilinibeba miezi minane nikifanya kazi yangu. Sijutii malipo. Najuta tabasamu.

Funzo la kimkataba ni hili, na uliandike mahali: kabla ya kusaini, hakikisha picha ghafi zinabaki kwako, na kwamba hawaruhusiwi kumtumia mtu yuleyule kwa tangazo lingine bila kumrudia. Mimi sikuandika. Miaka miwili baadaye nilimkuta mama wa sufuria kwenye bango la kuomba michango ya jambo tofauti kabisa.

Na hilo neno ustahimilivu, waachie wenye ripoti. Sijawahi kumsikia mtu akisema “mimi ni mstahimilivu.” Huko Kisumu huwa nasikia *sinani*, neno la Kijaluo la kuvumilia, na watu hulisema juu ya mtu mwingine, mara nyingi aliyekwisha kufa. Muulize nyanya yako yeye huita nini ile kutembea na goti bovu. Jibu lake huenda likawa jina la filamu yako.

Ukitafuta wafadhili, wako. Docubox ya Nairobi, aliyoianzisha Judy Kibinge, iliundwa kwa ajili ya filamu za hali halisi za Afrika Mashariki. Ukiandika maombi usiwaambie unataka kuonyesha nguvu ya imani. Waambie kuhusu goti, safari, na unayetaka kumfuata kwa muda gani. Nimekataliwa mara nyingi kwa sababu niliandika kama mhubiri.

Kulipa watu: silipi maneno. Nalipa siku. Mtu akiacha shamba au kibanda kwa ajili yangu, siku hiyo ina bei na naitoa, pamoja na nauli na chakula. Halafu nachapisha picha kwenye karatasi, si kwenye simu, nawapelekea. Ridhaa naichukua mara mbili, kwa lugha yao, kamera ikiwa inanasa: kabla sijaanza, na baada ya wao kuiona. Mtoto akionekana, mzazi ndiye anakubali. Na ujue sheria ya filamu, Sura ya 222, inadai leseni ya kupiga na filamu ipite kwenye bodi ya uainishaji kabla ya kuonyeshwa hadharani. Wengi huanza kulikumbuka hilo wakati askari amekwishaulizia kibali.

Jina langu hapa limetokana na shuka. Nina shuka mbili za kitanda nilizoziunga, na projekta ya mtumba. Filamu haijaisha mpaka nimeitundika pale nilipoipigia na wenyewe wamekaa kwenye nyasi wakaitazama. Mara moja huko Seme bibi mmoja alisimama katikati akasema nikate pale anapoonekana anakula ndizi. Ilikuwa siku ya kufunga. Kijiji kizima kilicheka, yeye hakucheka. Nilikata.

Lile la kifundi. Kanzu nyeupe saa sita mchana itamshinda yeyote. Kamera ikijipimia yenyewe, inaona weupe mwingi, inaogopa, inapunguza mwanga, na uso mweusi unazama. Wewe ukaja kuongeza mwanga wakati wa kuhariri, kanzu zikaungua na uso bado hauna kitu. Zima upimaji wa kujiendesha. Jaza fremu kwa uso wa nyanya, pima hapo, funga kipimo, kisha rudi nyuma. Kanzu itapoteza mikunjo kidogo, iache ipotee, watu hawaji kutazama kitambaa. Bora zaidi, saa sita mchana kula chakula, upige alfajiri na baada ya saa kumi. Ukilazimika kupiga mchana, simama upande ambapo jua liko nyuma yao na ardhi ya mbele ni ya rangi hafifu, barabara ya vumbi itarudisha mwanga usoni bure.

Ngoma zinakwaruza kwa sababu sauti iliingia ikiwa kubwa kupita uwezo wa kipaza sauti, na iliyokwaruza hivyo hairekebishwi. Usitegemee maikrofoni ya kamera. Pata kinasa sauti kidogo, ukiweke mbali na ngoma kama hatua kumi, punguza kiwango mpaka uone aibu, kisha punguza tena. Kipaza sauti cha kubana nguoni usikiweke chini ya kanzu iliyopigwa pasi, kinasugua. Kibane kwenye ukingo wa kilemba. Na mahojiano yafanye asubuhi. Mvua ya Kisumu hupenda alasiri, na mvua juu ya mabati imenilia mahojiano matatu ambayo wenyewe sasa ni marehemu.

Mpiga_Ngoma_Vihiga:

Nawasalimu kwa jina la Bwana. Mimi si mtu wa filamu, mjukuu ndiye ameniwekea mambo haya kwenye simu. Nimepiga ngoma katika African Israel Church Nineveh tangu nikiwa mvulana. Kanisa letu lilianzishwa na Daudi Zakayo Kivuli mwaka 1942, kwa hiyo habari ya kutembea na bendera na ngoma naijua kwa miguu.

Kijana, dada huyo amekufundisha mwanga na sauti. Mimi nikufundishe mwendo. Wapiga picha wote wanaokuja kwetu wana ugonjwa mmoja. Wanakimbia mbele ya bendera, wanageuka, wanatembea kinyumenyume wakitukodolea kioo. Mwaka uliopita mmoja alianguka mtaroni, mwenye ngoma akamkwepa, ngoma ikabiringika mpaka kwa watu wanaouza mahindi. Tuliimba tu, lakini tuliona.

Bendera haitanguliwi. Ukitaka sura zetu, nenda mapema, tafuta mahali pa juu kama kichuguu au ngazi ya duka, utungoje. Tutapita mbele yako. Tukiisha kupita usitukimbilie, kata njia ya mkato. Mtu anayetungoja tunamwimbia. Mtu anayetukimbilia tunamwogopa.

Njoo Ijumaa jioni, usije Jumapili ukiwa na haraka. Ukija Ijumaa utapewa chai, utaulizwa wewe ni wa nani, na viongozi watajua jina lako kabla ya kamera yako. Kanisani kwetu utavua viatu, na mfuko wa kamera usiuweke juu ya meza ya mbele hata kama ndiyo pekee iliyo safi. Wakati wa watu kuungama, teremsha hicho chombo. Usiniulize kwa nini.

Na ngoma si mapambo ya sauti. Nimesikia filamu ambayo ngoma yetu imekatwa katikati ya mpigo ikawekwa chini ya maneno ya mtu anayeeleza juu ya umaskini. Mpigo ule ulikuwa wa kumkaribisha mgeni. Uliza kila mpigo una kazi gani kabla hujaukata.

Mwana_wa_Ilesi:

Niseme mimi ambaye ni mtazamaji tu, wa Kakamega. Kwani filamu ikitoka upande wetu huu lazima iwe na bibi kizee, mafuriko na maombi? Nina miaka 30, sijawahi kulia mbele ya kamera, na nina hadithi. Mnatupenda tukiwa tumeangukiwa na kitu.

Mama_wa_Shuka:

Mwana_wa_Ilesi, umenichoma na umenichoma mahali pake. Sina jibu la kukutosheleza. Naweza kukuambia tu kilichonitokea na yule fundi baiskeli. Kwa Oktoba mbili nilimpiga akitembea kwa huzuni. Mhariri mwenzangu ndiye aliyeniuliza, “Huyu mtu hana kazi? Hacheki?” Nikarudi kwenye kibanda chake siku ya kawaida. Kumbe ni mchekeshaji, ana jina la utani kwa kila mteja, na anamdai chifu shilingi mia tatu ya spoku kwa miaka. Dakika sita za filamu ni deni hilo. Ndizo watu huzirudia wakinikuta.

Mzee wa Vihiga, asante. Yule aliyeanguka mtaroni namfahamu. Ngoma ilipona?

Mpiga_Ngoma_Vihiga:

Ilipona. Ngozi tulibadilisha.

Vyombo_Kwa_Siku, Nakuru:

Mama wa Shuka, Jumatatu ipi?

Kijana_wa_Nyalenda:

Sikutarajia majibu haya. Nimesoma nikiwa kazini, kwenye matanga huko Ahero, mpaka nikachelewa kupiga jeneza likiteremshwa. Bosi amenifokea, na ana haki.

Jana nilimpigia nyanya. Nilimuuliza kwa Kijaluo ile kutembea na goti bovu yeye huita nini. Alinyamaza hata nikadhani simu imekatika. Kisha akasema haina jina, ni kwamba akiketi huwa hawezi kuinuka peke yake, na hataki kuinuliwa na watu mbele ya bendera. Basi. Miezi yote hii nimekuwa nikisimulia watu kwamba hakuketi kwa nguvu ya Roho. Sijui sasa kama filamu imekufa ama ndiyo imepatikana. Nilimuuliza kama naweza kulisema hilo kwenye filamu. Amesema niende kwanza nimpelekee sukari, tutaongea.

Bosi nimemwambia ukweli kuhusu ile siku ya Agosti. Amenikata shilingi 2,000 na kusema nikitaka kamera tena niombe. Nimeomba. Amenipa kuanzia Ijumaa hadi Jumapili, kamera pekee, bila kinasa sauti.

Mama_wa_Shuka:

Imepatikana. Usimwambie mtu mwingine hilo jibu mpaka yeye alirudie mwenyewe, akitaka.

Alhamisi nitakuwa Kisumu, nafundisha asubuhi karibu na Kondele. Saa nane pita, nikuazime kinasa sauti changu. Kifuniko cha betri hakishiki, uje na mpira wa kufungia. Na sukari nunua kilo mbili, moja ya mwenye bendera.